Jinsi ya Kuonyesha Komedi ya Mapenzi ya Filamu Bubu
Ukitaka kuwaonyesha majirani zako wa Eastlands, Nairobi, komedi ya mapenzi ya enzi ya filamu bubu, projekta na shuka jeupe vinatosha. Anza na Girl Shy ya mwaka 1924, ambamo Harold Lloyd anaigiza mwanagenzi wa fundi cherehani anayeshikwa na kigugumizi mbele ya wanawake. Kagua kasi ya nakala yako kwa makini, kwa kuwa filamu nyingi za wakati huo zilipigwa kwa chini ya picha 24 kwa sekunde, na zikichezwa kwa kasi kuliko zilivyopigwa, yale macho ya haya baina ya wapendanao, ambayo kwangu ndiyo roho ya hadithi, hupita bila kuonekana. Mteue msomaji mwenye sauti tulivu ayasome maandishi ya skrini kwa Kiswahili.