Rufaa yako imetupwa kwa sababu hukufika mahakamani? Namna ya kuomba irudishwe

Shauri likiitwa huku mrufani (aliyekata rufaa) hayupo, mahakama ina mamlaka ya kuitupa rufaa hapo hapo, kwa Amri ya XXXIX, Kanuni ya 17 ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai (Sura ya 33). Muda wa kuomba irudishwe ni siku 30 tangu ilipotupwa. Aliye mbali na mahakama, tuseme Liwale au Tandahimba, anaweza kupata habari wiki mbili baadaye, na wiki hizo zinakuwa zimeshaliwa.

Usikimbilie kufungua rufaa mpya. Nenda masjala ya mahakama ileile, iwe Mahakama Kuu Mtwara au nyingine, uombe nakala ya amri. Isome vizuri: imetupwa kwa kutofika, au imefutwa kwa kasoro? Njia zake ni tofauti. Kesi iliyoanzia Mahakama ya Mwanzo nayo ina kanuni zake, kwa hiyo mwambie karani mapema.

Kisha andaa maombi ya chemba (yanayosikilizwa ofisini kwa jaji) chini ya Kanuni ya 19 ya Amri hiyohiyo ya XXXIX, yakiambatana na hati ya kiapo. Hapa ndipo watu wengi wanapoumia. Kiapo kinatakiwa kueleza siku ile moja: ulikuwa wapi na nini kilikuzuia. "Nilipata dharura" haitoshi. Mei 2024, mvua za kimbunga Hidaya zilipokata barabara ya Dar es Salaam–Lindi eneo la Somanga, mrufani aliyekwama huko angeandika hivi: "Nilipanda basi Dar es Salaam kuja Mtwara. Tulipofika Somanga barabara ilikuwa imekatika, tukalala hapo. Nilimpigia kaka yangu simu aende kutoa taarifa mahakamani." Angeambatanisha tiketi, na kaka naye angeapa kiapo chake, maana umtajaye anapaswa kuthibitisha mwenyewe. Kama uliugua, cheti cha hospitali kioneshe tarehe hiyohiyo. Sababu ya kuwa mnadani kuuza korosho mimi nisingeitegemea hata kidogo.

Apa mbele ya kamishna wa viapo, asiwe wakili anayekutetea. Hakikisha mahali na tarehe ya kuapa vimejazwa, kwani kiapo kizuri huangushwa na nafasi hiyo iliyoachwa wazi. Sajili, lipa ada kwa namba ya malipo utakayopewa, halafu mpelekee mpinzani wako katika rufaa nakala ili ajibu kwa kiapo kinzani.

Siku 30 zikipita, anza na maombi ya kuongezewa muda chini ya kifungu cha 14 cha Sheria ya Ukomo (Sura ya 89). Huko utaeleza kila siku uliyochelewa, moja baada ya nyingine.

Asiye na uwezo wa wakili awaone wasaidizi wa kisheria, wanaotambuliwa na Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017. Msaada wao ni bure, ila hawaruhusiwi kukusemea mahakamani. Utasimama mwenyewe, hivyo kama unatoka mbali ingia mjini siku moja kabla, na asubuhi kaa karibu na mlango wa chemba usikie jina lako likiitwa.