Mtoto akikwama kwenye kutoa, mpe duka

Wangu wa darasa la tatu alikuwa akililia hesabu za kutoa, juzi tukacheza duka barazani hapa Lamu. Yeye muuzaji, mimi mteja msumbufu. Nanunua mahamri ya shilingi 35, nampa noti ya 100, nadai chenji. Asiandike, ahesabu akipanda kutoka 35 hadi 100, huku akiniwekea pesa mkononi: sarafu ya tano, 40, ya kumi, 50, noti ya hamsini, 100. Nimeshika 65. Kutoa kumegeuka kujumlisha, na akikosea anaona mwenyewe kuwa hajafika 100. Pesa ziwe za kweli, vifuniko vya soda vilimchanganya. Kutoa kwa kukopa daftarini bado kuna kazi yake. Na ukimsahihisha kwa sauti ya mwalimu, muuzaji atafunga duka.