Msajili wa ardhi akikaidi agizo la mahakama: jinsi ya kuomba achukuliwe hatua

Umeshinda kesi katika Mahakama ya Mazingira na Ardhi. Jaji ameagiza shamba lililoandikwa kimakosa kuwa ardhi ya umma lisajiliwe tena kama ardhi ya kibinafsi kwa jina lako, na bado msajili wa ardhi hajabadilisha rejista. Sheria ya Kenya inakuruhusu kuomba afisa huyo aadhibiwe kwa kudharau mahakama. Kwa kuwa mtu anaweza kufungwa, mahakama hudai ushahidi mzito kuliko wa kesi nyingine za madai, na sehemu kubwa ya ushahidi huo huandaliwa kabla hujarudi kwa jaji.

Anza na agizo lenyewe. Rejista ya shamba ina sehemu tatu: A ya maelezo ya ardhi, B ya umiliki, C ya mikopo na vizuizi. Agizo linalosema tu "rekodi zirekebishwe" humwachia msajili mwanya. Linalotaja nambari ya shamba, maandishi yapi yafutwe na yapi yaingizwe mahali pake, halimwachii. Kama lina utata, omba ufafanuzi kwanza. Hakikisha pia kwamba hakuna rufaa iliyosimamisha utekelezaji.

Chukua nakala iliyothibitishwa kutoka masjala ya mahakama, yenye onyo ukurasa wa mbele kwamba atakayekaidi anaweza kutozwa faini au kufungwa. Apewe msajili mwenyewe mkononi, na nyingine ipelekwe kwa Mwanasheria Mkuu. Nakala yako igongwe muhuri wa kupokewa wenye tarehe, na aliyeipeleka aape hati ya kiapo. Ni kweli mahakama zetu zimekubali kwamba kulijua agizo kunatosha hata kama hukukabidhiwa, lakini muhuri hukuondolea ubishi wote huo. Pata na jina la anayekalia kiti sasa: wasajili huhamishwa, na adhabu humwangukia mtu, si ofisi.

Kisha mwandikie barua, umpe muda, tuseme siku 14, na umuulize kinachokwamisha. Wengi huruka hatua hii na kuumia. Huenda atajibu kwamba hati miliki ya zamani haijarudishwa, ada haijalipwa, au kuna tahadhari (zuio katika rejista) iliyowekwa na mtu mwingine. Ada lipa. Kuhusu hati, omba mahakama iamuru usajili uendelee bila hati ya zamani. Tahadhari nayo ombea amri iondolewe. Ukikimbilia shtaka la dharau huku kikwazo kipo, ombi litaanguka, kwa sababu lazima uonyeshe kwamba ukaidi ni wa makusudi.

Akinyamaza, wasilisha ombi ndani ya kesi ileile kupitia mfumo wa mtandaoni wa Mahakama. Huhitaji tena kuomba ruhusa kwanza. Usitegemee Sheria ya Kudharau Mahakama ya 2016, maana Mahakama Kuu iliibatilisha Novemba 2018, ingawa bado naiona ikinukuliwa. Taja kifungu cha 5 cha Sura ya 8 ya Sheria za Kenya (Judicature Act), pamoja na kifungu cha 29 cha sheria iliyounda Mahakama ya Mazingira na Ardhi, kinachoweka faini isiyozidi Sh20 milioni, kifungo kisichozidi miaka miwili, au vyote viwili.

Hati yako ya kiapo ionyeshe mambo manne: agizo liko wazi, afisa alilijua, hakulitii, na alifanya hivyo kwa kusudi. Ambatisha agizo, uthibitisho wa kupokewa, barua zote, na matokeo ya upekuzi rasmi wa rejista uliofanywa baada ya muda uliompa kwisha. Karatasi hiyo ya upekuzi ndiyo inayomwonyesha jaji kwamba hakuna kilichobadilika.

Jaji anaweza kumwita afisa afike mwenyewe ajieleze, au kumpa muda wa mwisho wa kutii. Wakili wa Serikali akisema marekebisho yameshafanyika, usikubali kuondoa ombi siku hiyo. Omba tarehe nyingine, fanya upekuzi mpya, na usome sehemu A na B kwa macho yako kabla ya kutia sahihi chochote.