Kabla hujasaini mogeji, hesabu mpaka siku ya mwisho

Shem wangu wa Kisumu alinipigia Jumapili jioni, sauti ya mtu ashapata. Ameona nyumba ya vyumba vitatu huko Riat, milioni tano, ako na moja ya dipositi, benki iko tayari kumpa hizo nne zingine kwa mogeji, yani mkopo wa nyumba, kwa miaka 20, riba asilimia 14, na kila mwezi atakuwa analipa 49,741. "Shem, renti nalipa elfu 25 hapa Migosi na hio pesa haitawai rudi. Si afadhali nijikaze kidogo nilipe yangu?" Nikamwambia wacha nimalize chai nikupigie. Nikaenda kabatini nikatoa faili ya kijani, ile ya nyumba yetu ya hapa Kiamunyi, Nakuru, ju mimi nilisaini hizo karatasi nikiwa na hio furaha yake na kuna vitu ningetaka mtu angenikalisha chini aniambie kabla.

Kitu ya kwanza. Wote tukienda benki tunauliza swali moja tu, kwa mwezi ni ngapi. Ofisa wa mikopo anafinya kalkuleta, anakugeuzia, unaangalia peislipu yako unaona inatosha, mambo kwisha. Hakuna mwenye anauliza mpaka siku ya mwisho nitakuwa nimetoa ngapi. Kwa huyu shem jibu ni 49,741 mara miezi 240, karibu milioni 11.94. Amekopa nne, atarudisha karibu kumi na mbili. Nyumba ya milioni tano ukiongeza dipositi yake inakuwa ya karibu milioni 13, na bado hatujaongea juu ya loya wala tanki la maji.

Alafu omba ratiba ya malipo, ile yenye kila mwezi uko na mstari wake, usikubali kuambiwa utapewa ukishasaini. Angalia mstari wa kwanza. Kwa milioni nne kwa asilimia 14, mwezi wa kwanza riba peke yake ni 46,667. Yani kwa ile 49,741 yako, yenye inaenda kupunguza deni ni 3,074. Shilingi elfu tatu! Benki haijakuibia hapo, ndio hesabu ya riba kwa salio ilivyo, yani kwa deni lenye limebaki, mwanzoni salio ni kubwa kwa hivo riba nayo ni kubwa, na inashuka pole pole sana. Ukilipa miaka mitano bila kukosa hata mwezi mmoja utakuwa umetoa karibu milioni tatu na bado unadaiwa 3,735,000. Miaka kumi umetoa karibu sita, bado unadaiwa 3.2. Hio ndio inaumiza watu wenye wanahamishwa kazi wakiwa mwaka wa nne ama wa tano, wanataka kuuza wakidhani nusu ya nyumba ishakuwa yao, kumbe.

Na hakikisha kweli ni riba ya salio, sio flati. Riba ya flati inahesabiwa kwa pesa yote uliyokopa kila mwaka hata kama ushalipa nusu. Milioni nne kwa asilimia 10 flati miaka kumi ni riba ya milioni nne nzima. Hio hio asilimia 10 kwa salio ni kama milioni 2.34. Mogeji za benki mara nyingi ni za salio, lakini developa wengine wenye wanakuuzia kwa mkopo wao wenyewe, na wakopeshaji wengine wa mtaani, wanakutajia namba ndogo tamu na hawasemi ni ya aina gani. Uliza pia APR, hio inajumlisha riba na zile ada zote kwa namba moja, ndio unaweza linganisha benki mbili bila kudanganywa na tangazo.

Sasa miaka, na hapa nitakaa kidogo ju ndio pesa nyingi imejificha. Watu wanapenda kuongeza miaka ili malipo ya mwezi yashuke. Nilimfanyia shem hesabu kwa nyuma ya kalenda. Akichukua miaka 25 badala ya 20, mwezi unakuwa 48,150. Ameokoa kama 1,600, pesa ya shopping moja ndogo ya wikendi, na kwa hio 1,600 atalipa milioni mbili na nusu zaidi mpaka mwisho. Akirudi chini achukue 15, mwezi unapanda hadi 53,270, kama 3,500 juu ya ile ya kwanza, na anaokoa milioni 2.35. Akanyamaza kwa simu. Akasema rudia hio, nikarudia, nikasikia akimuita mama watoto aje asikie.

Na kama benki haimpi 15 ju ya ile sheria ya peislipu isikatwe zaidi ya theluthi mbili, achukue hio 20 lakini awe anaongeza elfu tano kila mwezi yeye mwenyewe. Anamaliza kwa miezi 165, hio ni miaka 13 na miezi 9, na jumla inashuka hadi kama milioni tisa. Lakini kabla ya kusaini lazima aulize vitu viwili: kuna faini ukilipa mapema? Na hio pesa ya ziada itapunguza deni lenyewe ama itakaa tu kwa akaunti ikingoja malipo ya mwezi ujao? Mimi yangu ilikaa miezi mitatu kwa akaunti nikidhani naua deni. Siku hizi kila nikilipa ziada naandika barua pepe moja ya mistari miwili, kwamba hii ni ya kupunguza deni, na naomba ratiba mpya.

Riba nayo haikai pale ulipoiacha. Mogeji nyingi hapa kwetu riba yake inaweza badilika. Mwezi wa pili 2024 Benki Kuu ilifikisha riba yake ya msingi asilimia 13, ikaanza kuishusha mwezi wa nane. Mimi nilikuwa nimeanza na 12.5, nikapata SMS ya laini mbili kwamba sasa ni 16. Nikangoja nione malipo yakipanda, hayakupanda, nikamshukuru Mungu. Miezi kama minane baadaye nikaomba stetimenti ju ya mambo mengine kabisa, ndio naona hawakugusa malipo, waliongeza miaka. Nilikuwa nimeongezewa kifungo na hakuna mtu alinisomea hukumu. Kupanda ilipanda na boda, kushuka imeshuka kwa mguu. Sheria ya Ardhi ya 2012 inasema upewe notisi ya siku 30 riba ikibadilishwa, kwa hivo dai notisi ya maandishi na uulize waziwazi, mtaongeza pesa ya mwezi ama miaka? Na kabla ya kusaini pima, ikiruka 17 nitaweza? Kwa mkopo wa shem, 17 ni 58,672 kwa mwezi, karibu elfu tisa juu. Kama hio elfu tisa inatoka kwa karo, basi nyumba ni kubwa kuliko mfuko wako.

Kabla ya benki ya kwanza kukushika mkono zunguka kwanza. Kuna benki na sako zenye zinapata pesa kutoka KMRC, ile kampuni ya kufadhili mogeji, na hizo zinaweza kukukopesha kwa riba ya chini ya asilimia kumi kama mapato yako na bei ya nyumba viko ndani ya masharti yao. Ile milioni nne kwa 9.5 miaka 20 ni 37,285 kwa mwezi, jumla kama milioni 8.95. Tofauti na ile ya 14 ni milioni tatu, nyumba ni ile ile, mlango ni ule ule. Shem alikuwa hajawai sikia, na yeye ni mwanachama wa sako miaka tisa.

Pesa za kabla ya ufunguo zinamaliza watu ju wanapanga dipositi peke yake. Ushuru wa stempu mjini ni asilimia 4 ya thamani, kwa nyumba ya milioni tano ni laki mbili, na inalipwa kabla ya kuhamisha hati (mashambani ni 2). Ushuru wa kuandikisha chaji ya benki, yani ile rehani ya nyumba kwa benki, ni kidogo, elfu moja kwa kila milioni. Alafu kuna loya wako, na loya wa benki, na huyo wa benki pia unamlipa wewe ingawa anafanya kazi ya benki, mimi hio bado inanikera. Kuna valua wa kupima thamani ya nyumba, kuna ada ya benki ya kuandaa mkopo, VAT juu ya loya. Mimi ningeweka laki nne mpaka tano pembeni kwa nyumba ya bei hio, mbali kabisa na dipositi, na usiikope kwa simu.

Bima ziko mbili. Moja ya maisha, ukifa deni linalipwa familia isifukuzwe, na moja ya nyumba yenyewe. Zote zinaingia kwa malipo ya kila mwezi ama kila mwaka na ofisa haziweki kwa ile namba anakugeuzia kwa kalkuleta. Soma kama ile ya nyumba inashika mafuriko. Kwa mtu wa Riat juu mlimani labda sio shida, lakini mwenye ananunua upande wa Nyamasaria ama Nyalenda anajua maji hufanya nini mvua ikikubali, na 2020 ziwa lilipanda likaingia kwa watu wenye walidhani wako mbali nalo. Huku Nakuru tuko na yetu, ardhi hupasuka na kuzama sehemu zingine za mji mvua kubwa ikinyesha, na maji ya visima mengi yako na floraidi inayochoma meno ya watoto rangi, kwa hivo ata kama developa amechimba kisima kizuri, ongeza bujeti ya maji ya kunywa. Kisumu chini kwenye udongo mweusi wa pamba angalia nyufa za ukuta kabla fundi hajazipaka rangi. Nenda siku imenyesha, usiende Jumamosi ya jua na ofisa wa mauzo.

Matengenezo, mimi naweka asilimia moja ya bei kwa mwaka, elfu hamsini kwa nyumba ya shem, kuna mwaka hutumii na kuna mwaka mfereji unapasuka chini ya vigae unatumia mara mbili. Ongeza kodi ya ardhi ya kaunti, na kama ploti ni ya lisi, yani ya kukodishwa kwa miaka fulani, uliza imebaki miaka mingapi.

Kuna zuri moja lenye watu wengi hawadai. Kama ni nyumba unaishi wewe mwenyewe, KRA, wale wa kodi, inakuruhusu utoe riba ya mogeji kwa mapato yanayotozwa kodi, mpaka 30,000 kwa mwezi, 360,000 kwa mwaka, ilikuwa 25,000 mpaka mwisho wa 2024. Kwa mtu wa kodi ya asilimia 30 hio ni 9,000 kila mwezi inabaki mfukoni. Mimi sikudai mwaka wa kwanza mzima ju hakuna mtu aliniambia nipeleke cheti cha riba kwa ofisi ya mishahara. Shem akipata hio 9,000 na aitupe yote kwa deni, ile hesabu ya elfu tano ya juu inakuwa tamu zaidi.

Na niseme ukweli pia, mogeji sio wizi. Elfu hamsini ya miaka 20 ijayo haitakuwa nzito kama ya leo, mshahara utapanda kidogo, na renti ya Migosi nayo haitakaa 25. Wenye wanajenga pole pole na pesa ya sako wanalipa riba kidogo, lakini najua watu wako kwa linta, juu tu ya madirisha, mwaka wa sita na bado wanalipa renti. Kila mtu na moyo wake. Mimi nasema tu jua bei.

Mambo ya kukwama, pitia haraka lakini yapitie. Weka malipo ya miezi minne ama mitano pahali usipofikia na simu. Ukikosa kulipa benki haiwezi kuuza kesho, kuna notisi ya miezi mitatu ya kurekebisha, alafu siku 40 kabla ya kuuza, kwa hivo usijifiche, ingia benki mwezi wa kwanza ukiwa bado unaongea kama mteja. Na mwenzako wa ndoa lazima akubali kwa maandishi nyumba ya familia ikiwekwa chaji, sasa mwambie mapema, sio siku ya loya. Shem yangu alikuwa amemwambia dadangu "kuna kitu kizuri kinakuja".

Alinipigia tena jana. Ameenda sako, wamemwambia alete peislipu za miezi sita, na ameandika kila kitu kwa daftari ya mtoto. Akauliza kama kuna kitu nimesahau. Nikamwambia iko moja, siku ukimaliza kulipa, hati hairudi yenyewe, unalipa tena loya kutoa chaji kwa ofisi ya ardhi. Nikasikia kalamu ikiandika.