Kidonda cha kuumwa nyoka kwa ajili ya mazoezi: tunavyokitengeneza Lubumbashi

Wandugu, zamani nilimpaka mgonjwa wa mazoezi damu mguu mzima. Wanafunzi wote wakakimbilia kuipangusa. Hakuna aliyetazama kope wala aliyepima uvimbe. Tangu siku ile kidonda nakifanya kidogo.

Vitu ninanunua soko la Kenya, hapa hapa Lubumbashi: vazelini, unga wa ngano, kakao, rangi ya chakula, glisirini, pamba, tishu, soksi ndefu ya nailoni.

Anza na uvimbe. Chagua mguu, maana wachoma makala (mkaa) na wakulima huumwa hapo zaidi. Zungushia pamba toka kwenye kifundo hadi katikati ya muundi, nene chini, nyembamba juu, uivalishe soksi yenye rangi ya ngozi ya mgonjwa. Ngozi nyeusi haionyeshi wekundu ule wa picha za vitabu. Inakuwa nyeusi zaidi, inavutika, inang'aa. Basi paka rangi ya zambarau iliyochanganywa na kakao, na glisirini juu yake.

Halafu kidonda. Kanda vazelini na unga mpaka visinate vidoleni, tia kakao, bandika, lainisha kingo. Toboa kwa njiti matundu mawili, sentimita 1 hadi 2 kati yake. Siku nyingine toboa moja tu, kwa sababu jino moja huweza kukosa. Lengelenge ni tone la vazelini lililofunikwa na tabaka moja la tishu.

Hicho ni kidonda cha nyoka aitwaye kifutu. Kwa nyoka koboko usichore kitu zaidi ya matundu: mgonjwa alegeze kope, ashindwe kumeza mate, aongee kwa taabu.

Wenzangu huniuliza:

Yaya (mkubwa wetu), jiwe jeusi, lile watu wanabandika kidondani ili livute sumu, tuliweke?
Liweke. Kipande cha kala (mkaa) kinatosha. Halivuti sumu, lakini wagonjwa wanafika nalo, na mwanafunzi ajifunze kuliondoa bila kumfokea mama wa mtoto.

Na kamba iliyokazwa mguuni?
Hiyo pia. Anayeikata papo hapo amekosea: mshipa wa kutilia dawa upatikane kwanza, dawa ya sumu na mfuko wa kupumulisha viwe mkononi, ndipo ailegeze polepole.

Damu isiyoganda tunaionyesha namna gani?
Tayarisha vichupa viwili vya kioo: kimoja maji mekundu, ndiyo damu isiyoganda, kingine jelatini nyekundu iliyoshika, ndiyo iliyoganda. Mwanafunzi akishatoa "damu", mpe kimojawapo akiache kimesimama dakika 20 kamili, bila kukitikisa, ndipo akiinamishe. Dakika hizo usimpunguzie. Ndani yake atarudi kupima mguu na kuweka alama ya kalamu pale uvimbe ulipofika.