Kumtambua nondo Utetheisa pulchella bila kupotezwa na majina yanayofanana

Anza na nondo mwenyewe, jina lije baadaye. Anayeanza na jina huishia kulazimisha picha ifanane nalo, na hapo ndipo makosa mengi ya utambuzi huzaliwa.

Utetheisa pulchella huruka mchana na usiku pia. Ukipita kwenye nyasi fupi au magugu ya mahali pakavu penye jua, huruka ghafla, huenda hatua chache, kisha hutua na kutulia. Akitua, mabawa yake huuviringa mwili hadi aonekane mwembamba kama kijiti. Bawa la mbele ni jeupe au rangi ya maziwa, lina madoa mekundu na kati yake vidoa vidogo vyeusi. Bawa la nyuma ni jeupe, lina ukingo mweusi usio sawa, na mara nyingi alama ndogo nyeusi katikati. Mabawa yakikunjuliwa, upana wake ni milimita 29 hadi 42.

Bawa la nyuma halionekani nondo akiwa ametulia, ndiyo maana picha moja ya juu haitoshi. Mwingize kwenye chupa safi yenye mfuniko, iweke kwenye jokofu kwa dakika 10 (si kwenye sehemu ya kugandishia), kisha mtoe na umweke juu ya karatasi ya miraba ya milimita. Akiwa bado mzito kwa baridi, fungua bawa moja taratibu kwa brashi laini na upige picha tatu: juu akiwa amefunga mabawa, juu bawa likiwa wazi, na ubavuni. Usimshike mabawa kwa vidole, kwa sababu magamba hubanduka na vidoa vyeusi ndivyo hupotea kwanza. Akibanwa hutoa povu nyuma ya kichwa. Hiyo ni kinga yake: kiwavi hula mimea yenye alkaloidi, yaani kemikali chungu za sumu, na sumu hiyo hubaki mwilini hata akishakuwa nondo. Nawa mikono tu, basi.

Kiwavi naye husaidia sana. Ni wa kijivu cha kukoza, ana mstari mweupe mgongoni, vishungi vya nywele, na mkanda wa rangi ya chungwa unaokata kila pingili. Andika mmea uliomkuta nao kabla hujamwondoa. Hupenda mimea ya jamii ya Boraginaceae, hasa Heliotropium, na hupatikana pia kwenye Crotalaria, yaani marejea na ndugu zake.

Sasa majina. Ndani ya jenasi hii, yaani kundi linalotajwa na neno la kwanza la jina, Utetheisa, wapo wanne wa kuchunga. Pulchella, aliyetajwa na Linnaeus, mwanasayansi wa Uswidi, mwaka 1758, yuko Afrika, kusini mwa Ulaya na Asia, na mara nyingine huhama hadi Uingereza. Lotrix anafanana naye kiasi cha kuwachanganya hata wazoefu, na kiwavi wake hung'ang'ania Crotalaria. Pulchelloides yuko kuanzia visiwa vya Bahari ya Hindi hadi Australia na visiwa vya Pasifiki, na kiwavi wake hula Heliotropium na jamaa zake. Ornatrix ni wa Amerika. Huyo si rahisi kumkosea, kwa kuwa mabawa yake yana waridi na chungwa zaidi, ila jina lake linalia kama lotrix, na kwenye orodha iliyopangwa kwa haraka hubadilishana nafasi.

Ukijua maana, majina haya hayakuchanganyi tena. Pulchella ni Kilatini, "mzuri" kwa namna ya udogo, kama kusema "kizuri". Pulchelloides ni "anayefanana na pulchella": jina lenyewe linakuonya. Mwisho wa -trix ni wa mwanamke afanyaye kazi fulani: lotrix ni mfuaji, ornatrix ni msusi, yule mtumishi aliyempamba bibi wa Kirumi. Waliowapa nondo majina hayo bila shaka walikuwa na muda wa kutosha.

Neno pulchella si mali ya nondo peke yake, na hubadili mwisho kufuata jinsia ya jina la kwanza. Ndege wa chozi wa Afrika ni Cinnyris pulchellus, kwa kuwa Cinnyris huhesabiwa kiume. Ua dogo la Ulaya ni Centaurium pulchellum. Kasuku wa Australia ni Neophema pulchella. Gaillardia pulchella ni ua la Amerika, na Clarkia pulchella ni lile ambalo mtaalamu wa mimea Robert Brown alitazama chavua yake kwa hadubini mwaka 1827 akaona chembe zikitikisika ndani ya maji, mwendo ambao hadi leo unaitwa kwa jina lake. Pulcherrima nalo si pulchella: ni "mzuri kuliko wote", kama katika Euphorbia pulcherrima. Kwa hiyo usitafute kamwe kwa neno la pili peke yake. Andika yote mawili, na uangalie herufi: ni Utetheisa, e kisha i baada ya th. Ukikosa tu hapo, hifadhidata itakujibu kwamba hayupo.

Kwenye vitabu vya zamani utamkuta kama Deiopeia pulchella. Ni yuleyule. Ukiona (Linnaeus, 1758) ndani ya mabano, maana yake Linnaeus alimweka kwenye jenasi nyingine na wengine wakamhamisha. Ukifuta mabano umebadilisha taarifa.

Majina ya makundi ni mtego mwingine, maana tofauti ni ya miisho tu. Arctiidae ni familia ya zamani. Siku hizi kundi hilo ni nusufamilia Arctiinae ndani ya familia Erebidae. Arctiini ni kabila ndani yake, na Arctiina ni tawi la kabila hilo. Utetheisa yumo katika Arctiinae na Arctiini, lakini hayumo katika Arctiina. Tawi lake ni Callimorphina. Yote yanatokana na Arctia, kutoka neno la Kigiriki la dubu, kwa ajili ya viwavi wenye manyoya. Arctium ni mmea. Na ukitafuta kwa jina la Kiingereza la kundi hili, Tiger Moth, utaletewa kwanza ndege ya mafunzo ya kampuni ya de Havilland iliyoruka mara ya kwanza mwaka 1931.

Lebo iwe na jina kamili, aliyelitoa jina hilo na mwaka wake, tarehe ya kumpata, vipimo vya GPS vyenye desimali nne (kosa la mita kama kumi), mwinuko, mmea, na kama alikamatwa mchana au kwenye taa. Ikiwa uko mahali ambapo pulchella na lotrix wote wapo, na hakuna dume aliyechunguzwa viungo vya uzazi kwa hadubini, andika Utetheisa cf. pulchella. Hiyo cf. humwambia msomaji kwamba amefanana, hajathibitishwa, na atakayekuwa na dume mkononi atajua pa kuanzia.