Dada yako ako Uingereza anatunza wazee na analipwa kiduchu? Msaidie hivi

Alienda na visa ya kutunza wazee, mkachukua loni ya sacco na majirani wakawa magaranta, sasa anapiga simu usiku analia shifti hakuna na bosi anamtisha. Tafadhali msimwambie avumilie tu, kuna vitu mnaweza kufanya mkiwa huku Nairobi.

Aanze kuandika masaa, leo. Wale wanazunguka nyumba kwa nyumba wengi wanalipwa dakika za kuosha na kulisha pekee, na sheria ya huko inahesabu safari kutoka kwa mzee mmoja hadi mwingine kama kazi (ile ya asubuhi kutoka kwake haimo), kwa hivyo aandike saa ametoka hapa, saa amefika pale, hadi jioni, halafu achukue mshahara kabla ya makato agawanye kwa masaa yote. Kuanzia Aprili 2025 kima cha chini kwa mwenye miaka 21 kwenda juu kilikuwa pauni 12.21 kwa saa na hubadilika kila Aprili, ikitoka chini ya hicho anadai. Pesilipu, rota, meseji za bosi, zote apige skrinshoti akutumie uweke, maana akifutwa ghafla apu ya kazi anafungiwa.

Pasipoti akae nayo mwenyewe.

Sasa visa, hii ndio inawanyamazisha watu na nawaelewa kabisa. Akifutwa, au kampuni inyang'anywe leseni ya kudhamini (ile ya kuajiri watu kutoka nje), visa haifi siku hiyo. Serikali humwandikia, kawaida anapewa siku 60 apate mdhamini mwingine ama aondoke, kwa hivyo ahakikishe imeili walio nayo ni ile anasoma. Orodha ya kampuni zenye leseni iko wazi kwa gov.uk, tovuti ya serikali ya Uingereza, na hapo ndio nyinyi wa nyumbani mnafaa sana, kaeni jioni mchambue majina, mumwandalie barua za kuomba kazi yeye akiwa kwa shifti ama amelala. Asianze kazi mpya kabla visa mpya haijakubaliwa. Ushauri wa bure apigie Acas, shirika la huko la ushauri wa haki za kazi, 0300 123 1100, na ajiunge na chama cha wafanyakazi kama UNISON mapema, kabla mambo hayajaharibika.

Na ule ajenti wa tauni anawaambia atampeleka mdogo wake pia kwa kazi hiyo hiyo, msimpe hata shilingi. Kuomba visa hiyo ukiwa nje ya Uingereza kulifungwa 22 Julai 2025.